Mads wa Denmaki Dukani kwa Baba

Enzi zetu pale Malvern, mtaa wa wahamiaji kusini mwa Afrika, kuonekana kwenye televisheni hakukuwa jambo la kila mtoto mwenye simu. Sisi watoto wa Kikongo tulicheza mpira wa soksi kwenye korido za ghorofa mpaka majirani watoke na fagio, na Jumapili baada ya ibada harufu ya sombe, kisamvu chetu, na samaki wakavu ilitupokea tangu ngazini. Baba alikuwa fundi cherehani, mwenye duka barabarani Jules Street. Hapo ndipo Mads alipotukuta.

Kwao Denmaki, Mads alikuwa maarufu. Kipindi chake cha televisheni kilimwonyesha yeye mwenyewe, kwa jina lake, akiishi na watu na kujifunza kazi zao. Kwa baba alijifunza kushona. Suruali yake ya kwanza, mguu mmoja uliishia gotini. "Eish, ndugu yangu," baba akacheka, "tumtafute kwanza mwenye kuivaa!" Kila mwaka Mads alirudi. Alikula nasi fufu kwa mkono, akajua Kiswahili cha kuombea maji. Tulimpenda.

Kisha ukaja mwaka wa kufukuzwa kwa wageni kama sisi. Maduka yalichomwa mchana kweupe. Baba alikimbilia kuokoa cherehani, akapigwa mawe. Alifia hospitalini, mikononi mwa mama.

Mads alifika matanga yakiendelea, mpiga kamera nyuma yake. Mama, aliyeketi mkekani, alimtazama.

"Leo umekuja kama nani? Ndugu, ao televizyo?"

Mads akajibu, "Mama, ni kazi yangu."

"Basi kaifanyie nje. Humu tunalia."

Akatoka. Akalia mbele ya duka lililoungua, kamera ikimtazama. Hakurudi tena. Kipindi kile kilimpa tuzo, na tuzo ikampa kiti kwenye kila kipindi cha mazungumzo cha kwao, akialikwa tu kuwa Mads. Miaka baadaye nilikiona kimoja mtandaoni, chenye maandishi ya Kiingereza chini. Alikuwa ameota mvi. Alisimulia jinsi alivyomshika baba mkono akikata roho. Yeye! Nilitaka kumwandikia, nimwumbue mbele ya watu wake. Mama akanizuia.

"Mwache. Angalau kuna mtu bado anataja jina la baba yako."

Siku hizi nakaa Midrand. Wanangu hujirekodi hata wakipiga mswaki. Uji unapoa wakiuonyesha ulimwengu. Utoto wetu sisi umebaki kwenye vipindi vya Mzungu mmoja. Juzi niliwawekea cha kwanza. Babu yao akatokea, kijana kuliko nilivyo mimi leo, akiongea na kucheka. Waliweka simu chini. Kisha mdogo akaniuliza kwa Kiingereza babu anasema nini, maana maandishi ya chini ni ya Kidenmaki, na Kiswahili cha babu hawakijui.

Enzi zetu, baba akicheka, nyumba nzima ilicheka.