Jina la Kwanza Kuonekana

Kwa miaka kumi na minane aliandika filamu ishirini na mbili, na hakuna hata moja iliyomtaja. Waigizaji walimwita Madaftari, kwa kuwa hadithi zake aliziandika kwa mkono kwenye madaftari ya shule, akaja kuwasomea kwa sauti ofisini kwa mtayarishaji, juu ya duka la vipuri, nao wakashika maneno kichwani. Akimaliza, daftari linaingia kwenye droo ya mtayarishaji. Filamu ikitoka, mwandishi ni mtayarishaji.

"Wewe Madaftari," mchekeshaji wa kundi alimtania, "hata mpishi huonja mchuzi. Wewe unaambulia harufu!"

Alicheka nao, lakini neno hilo lilimchoma.

Daftari la ishirini na tatu lilibeba kisa cha dada yake, aliyemlea baada ya wazazi kufariki. Dada alikuwa amemkimbia mumewe baada ya miaka tisa ya kipigo, sasa akilala sebuleni kwa mdogo wake huku ndugu wakimsakama arudi. Alimsimulia yote, hata aliyomficha daktari.

"Andika, mdogo wangu. Ila huyo mwanamke asirudi. Watu waone kuwa inawezekana."

"Harudi, dada. Naapa."

Mtayarishaji alisikiliza mpaka mwisho, akafuta machozi, akawatoa waigizaji nje.

"Kazi nzuri. Ila watu wanataka kutoka wakicheka, bwana. Mume apige magoti, mke arudi, tufunge kwa wimbo."

"Hapana, mzee. Mwisho huu una mwenyewe."

"Nibadilishie, na jina lako ndilo la kwanza kuonekana. Hutaki, chukua daftari lako ukawasomee mbuzi."

Daftari lilikuwa bado mkononi mwa Madaftari, na mlango haukuwa umefungwa. Watu hupenda kusingizia njaa. Yeye siku hiyo alikuwa ameshiba. Aliomba kalamu. Haikumchukua saa nzima kubadilisha mwisho, wala hakumwambia dada yake.

Siku ya onyesho la kwanza, saa tisa alasiri, alimkalisha dada kati yake na shangazi yao. Jina lake lilipotokea, dada alipiga kigelegele akamshika mkono. Hakuuachia mpaka mume alipopiga magoti.

Ukumbi ulilipuka kwa makofi. Shangazi akainama.

"Umeona? Hata mdogo wako anajua mahali pa mke ni wapi."

Dada hakumtazama shangazi. Alimtazama mdogo wake.

"Mjibu," alisema.

Jukwaani mtayarishaji alikuwa akimwita mwandishi asimame watu wamwone. Akafunga kifungo cha koti, akaenda.

Aliporudi, viti viwili vilikuwa vitupu. Nyumbani alikuta godoro limeegemezwa ukutani na mfuko wa nguo haupo. Jioni shangazi alimpigia simu kumshukuru: miezi saba walikuwa wamembembeleza bila mafanikio, na filamu yake imemrudisha kwa mumewe mchana mmoja.