Maji ya Udhu na Mlilaki wa Bibi

Mlilaki ule ulitugharimu yuan arobaini na tatu baada ya mapatano: chungu cha udongo, gunia la mchanga, na matofali manne ambayo muuzaji aliapa ni mapya. Nimehesabu mara mbili. Usingizi wa bibi mwenye nyumba sikuuweka, maana sijui bei yake inaanzia wapi.

Ilikuwa mwaka tisini na saba. Tulipanga chumba chake cha juu kabisa, nyuma ya masoko ya nguo ya Liuhua, hapa Guangzhou, mimi wa Dar na mwenzangu wa Unguja, wote wanunuzi wa jinzi. Bibi alikuwa mjane kutoka kaskazini, kwenye theluji. Mumewe alipohamishiwa kazi huku kusini alikuja na mlilaki kwenye ndoo, kichaka cha nchi za baridi chenye maua ya zambarau hafifu yanayoshonana kama kichala. Maua hayo tuliyasikia kwa maneno tu. Guangzhou haina baridi ya kukitosha kila mwaka, na tangu mume afe hakikuwa kimechanua. Majivu ya mumewe yalirudishwa kwao, mbali sana kwa magoti ya bibi. Kilichobaki karibu naye ni kichaka, na kila asubuhi alipanda ngazi hadi paani kukitazama.

Bomba letu lilikuwa hukohuko juu ya paa. Tulitia udhu hapo. Kumwaga maji kwenye saruji kulituuma, sisi tuliokulia maji ya kununua kwa ndoo, basi tukawa tunachuchumaa na kopo kando ya mlilaki: mikono, uso, miguu, yote yakiishia kwenye shina.

"Thawabu mbili hizo, yakhe," mwenzangu aliniambia. "Udhu umetia, na mti umekunywa."

Nikaona ni biashara nzuri. Watu wawili, sala tano. Ijumaa tulikuwa na wageni.

Mwezi wa tatu, kuta zilipoanza kutoka jasho kwa unyevu, majani yakalegea. Bibi akaongeza maji. Sisi, kwa huruma, tukaongeza ya kwetu. Majani yakageuka manjano, yakadondoka, na bibi akaacha kula mchana. Alikaa pale akiyaokota.

"Bosi," aliniambia, kwani huku kila mnunuzi ni bosi, hata mwenye madeni, "wewe unajua kukagua mzigo. Kagua huu."

Robota la nguo halikaguliwi kwa kutazama juu. Tukailaza ndoo, mwenzangu akavuta taratibu. Kilichotoka kilinuka yai viza. Tundu la chini lilikuwa moja, na uozo ulikuwa umeliziba. Mizizi ya mlilaki haiendi chini sana. Husambaa karibu na uso wa udongo, myembamba kama nyuzi, nayo inahitaji hewa kama sisi. Hii ilikuwa imekaa bwawani. Ukiigusa, ganda lilibambuka na kukuachia uzi mweusi mkononi. Kumbe mti wenye kiu na mti unaozama, ukiitazama kwa juu, hulegea majani vilevile.

Mwenzangu alitazama kopo, akatazama ndoo. "Yakhe, tumeuzamisha kwa ibada."

"Anasema nini?" bibi akauliza.

Nikamweleza kwa Kichina changu cha sokoni, chenye bei nyingi na vitenzi vichache: sisi, kunawa, maji, mengi. Kisha akaonyesha mfereji wa maji machafu upande wa pili wa paa. "Mnawie kule." Akashuka, akarudi na mkasi.

Tulikata mizizi myeusi mpaka weupe ukaonekana. Iliyobaki ilienea kwenye kiganja. Tukaipanda kwenye chungu, mchanga mwingi kuliko udongo, na maganda ya mayai yaliyosagwa kwa kuwa mume wa bibi alikuwa akiyaweka. Shina hatukulizika zaidi ya lilivyokuwa. Chungu tukakiinua juu ya matofali ili maji yapite, na matawi tukayapunguza, maana mizizi michache hailishi wengi. Baada ya hapo hapakuwa na la kufanya, na hilo lilitushinda, sisi watu wa kubembeleza bei mpaka jioni. Bibi alikuwa akikwaruza gome kwa ukucha kutafuta kijani, mpaka nikamsihi aache, atalimaliza.

Shina lilikufa. Katikati ya mwaka, pembeni mwa chungu, mzizi ukatoa chipukizi. Bibi alilitazama bila kutabasamu.

"Huyu mtoto wake," alisema. "Mpaka achanue, mimi sipo."

Huu ni mwaka wa pili. Machipukizi ni manne, yana majani, hayana ua. Bibi hawezi tena kupanda ngazi. Akisikia nashuka, huuliza kabla sijafika chini. Kwa hiyo nawauliza ninyi wasomaji wa Makete na Limuru, mnaojua mimea inayolala kwa baridi: nikiweka barafu ya wauza samaki juu ya udongo kwa wiki chache, itauamsha mlilaki, au itaimaliza mizizi iliyobaki? Na katika hayo machipukizi manne, nibakize lipi? Nijibuni kabla ya mwisho wa mwaka, bibi akiwa bado anauliza.