Nyumba ya Mdogo Wangu na Mikorosho Sitini

Mdogo wangu wa kike alipohamia kwenye nyumba yake mpya Ruangwa mjini, niliugua. Simaanishi kwamba nilisononeka. Niliugua tumbo siku mbili nzima, hadi mwalimu mwenzangu akaniletea chai ya tangawizi akidhani nimekula kitu kilichochacha. Sikuwa nimekula kitu. Nilikuwa nimeangalia picha alizonitumia kwenye simu: bati la kisasa la msauzi, jekundu, vigae vinavyong'aa sebuleni, chumba chenye choo na bafu humo humo ndani, na mama yetu amekaa kwenye kochi jipya, miguu ikining'inia kwa sababu kochi lilikuwa refu na yeye ni mfupi. Nikamjibu, "Hongera sana mdogo wangu, Mungu azidishe." Kisha nikaizima simu, nikaiweka chini ya mto.

Ni vizuri niseme mapema kwamba nina roho ya kwa nini. Wengine huificha, mimi nimechoka kuificha. Kwa nini yeye? Mimi ndiye mkubwa. Mimi ndiye niliyefika chuo cha ualimu, nafundisha hesabu Nachingwea, na mshahara wangu unaingia kila mwezi. Yeye aliishia darasa la saba, akaanza kununua ufuta vijijini kwa kisado, leo Mbwemkuru, kesho kwingine, mpaka akawa mtu wa magunia. Hata baba alipofariki na shamba letu la Mkotokuyana likagawanywa, mimi nilipata mikorosho ya bondeni, mizee, inayozaa ikijisikia. Yeye akapata sitini ya juu, iliyo katika nguvu zake, kwa kuwa ni kitindamimba. Baba alikuwa ameagiza hivyo mwenyewe, na hakuna aliyebisha.

Nyumba yangu nimeijenga kama watu wengi wa kwetu wanavyojenga. Msimu korosho zikikubali, unachoma tofali. Msimu unaofuata unapandisha ukuta. Ukija msimu mbaya, ukuta unakusubiri. Kwa miaka kumi na moja nililala kwenye vyumba viwili vya nyuma, na sebule ya mbele haikuwa na paa. Ndani yake uliota mpapai, nikauacha, ukazaa. Mdogo wangu akija hula mapapai yale huku akicheka, "Dada, sebule yako tamu." Nami nilicheka naye, huku moyoni nikihesabu bati ambazo sijanunua.

Kabla hajasaini mkopo wa nyumba alinijia na karatasi zake. Ilikuwa Jumamosi asubuhi, naanika mihogo uani. Alitandaza ramani ya nyumba kwenye mkeka, kisha akanipa bahasha ya benki.

"Nisomee, dada, wewe ndiye mwenye hesabu. Mama ananitisha na riba, anasema ni haramu. Nimemwambia nyumba ni sitara, Mungu anaona. Ila nataka kujua naingia wapi."

Niliisoma. Milioni thelathini, miaka kumi na tano, riba asilimia kumi na saba kwa mwaka, rejesho la kila mwezi laki nne na elfu sitini na ushei. Nyuma kulikuwa na jedwali refu, mstari mmoja kwa kila mwezi. Mstari wa kwanza peke yake ulinitosha. Katika fedha ya mwezi ule, laki nne na elfu ishirini na tano zilikuwa riba, na elfu thelathini na saba tu ndizo zilizogusa deni lenyewe. Nikafunua ukurasa wa mwisho. Jumla ya kulipa ilikuwa milioni themanini na tatu. Alikuwa anajenga nyumba moja kwa bei inayokaribia nyumba tatu.

Pale ndipo nilipopaswa kufungua mdomo. Lakini macho yangu yalirudi kwenye ramani. Sebule, jiko, chumba cha wageni, chumba cha mama. Cha mama! Wakati ule mama alikuwa anakaa kwangu, kwenye kimojawapo cha vile vyumba viwili, na sikuwahi kumsikia akilalamika. Nikajua amekwisha kuulizwa na amekwisha kukubali. Nikazirudisha karatasi kwenye bahasha.

"Rejesho ni laki nne na sitini kwa mwezi," nikasema. "Ukiliweza hilo, huna neno."

"Na huku mwisho, kuna nini?"

"Mahesabu yao tu."

Alisaini Jumatatu yake. Nyumba ikapanda kwa miezi minane, na mimi mpapai wangu ukaongeza urefu.

Sasa, kwetu tunaijua rehani, lakini ni rehani ya mikorosho. Ukibanwa na shida unampa mtu miti yako, naye anakupa fedha. Yeye huvuna msimu baada ya msimu. Wewe siku ukipata, unamrudishia fedha ile ile uliyochukua, hata ipite miaka kumi, na miti inarudi kwako. Deni la namna hiyo halikui. Linalala pale kwenye miti, linakungoja. Mdogo wangu alipoona hati ya kiwanja chake inaingia kwenye kabati la benki, akaielewa vivyo hivyo: hati wanayo, basi deni limelala. Kwa hiyo Januari hadi Mei, ufuta ukiwa bado shambani, hakuwa anapeleka kitu. Soko la ufuta likifunguka anabeba fedha nyingi kwa mkupuo, na minada ya korosho ikianza anabeba tena. Akitoka benki ananipigia simu.

"Dada, leo nimewapelekea milioni mbili na nusu. Wamenyanyuka kunisalimia!"

Mimi nilijua kwamba benki haina masika wala kiangazi. Kila mwezi aliokaa kimya, riba iliendelea kuhesabiwa, na faini ya kuchelewa ikaongezwa juu yake. Zile milioni mbili na nusu zilikuwa zinaishia kwenye riba na faini kabla ya kufika kwenye deni. Nilijua yote hayo, na kila alipopiga nilisema, "Hongera."

Kila Idi nilikwenda Ruangwa kula pilau juu ya vile vigae. Mama alinipokea mlangoni kama mwenye nyumba. "Vua viatu, mwalimu, hii nyumba ya ntu," ananiambia kwa lafudhi ya kwetu, kisha ananionyesha feni, ananionyesha bomba, ananionyesha tena vile vile alivyonionyesha Idi iliyopita. Nilikuwa nasifia mpaka mashavu yananiuma. Na mtu mwenye akili zake hataamini nikimwambia kwamba mimi, niliyeuona ukurasa wa mwisho kwa macho yangu, nilikwenda benki Nachingwea kuchukua fomu ya mkopo kama ule ule. Nilifika mahali panapouliza madhumuni ya mkopo, nikaandika "kujenga". Ilikuwa niandike "kumkomesha". Fomu ile sikuirudisha, iko mpaka leo katikati ya andalio langu la masomo.

Mwaka wa sita, mvua za Aprili zikinyesha, alikuja kwangu na kopo la biskuti lililojaa risiti. Juu ya risiti kulikuwa na notisi ya siku sitini: asipolipa malimbikizo ya milioni nne na nusu, nyumba itapigwa mnada.

"Nimejumlisha mwenyewe, dada. Mpaka sasa nimewapa milioni thelathini na mbili na nusu. Nilikopa thelathini. Hii notisi ni ya nini? Mimi nilikuwa najua nimebakiza misimu miwili ya kumalizia faida yao."

Nilichukua taarifa ya benki, nikamwonyesha mstari wa chini. Deni lililobaki lilikuwa milioni ishirini na saba. Akaniambia nimesoma vibaya. Nikamsomea tena. Nikamwambia, fikiria umeweka rehani mikorosho, halafu kila mwezi usipopeleka fedha mwenye rehani anajiongezea mti mwingine. Hapo akaelewa. Akakaa kwenye kigoda, kanga imemwanguka begani asijue.

Nitasema ukweli, kwa kuwa nilishaanza kuusema. Kabla ya huruma ilikuja furaha. Ilikuwa ndogo, ilikuja ikapita, lakini niliisikia. Wazee walisema kukopa harusi, kulipa matanga, na mimi nilikuwa nimekwenda kwenye matanga nikiwa nimejipaka wanja.

"Dada," akasema, "karatasi ile uliisoma wewe. Ule ukurasa wa mwisho hukuuona?"

"Sikuuona."

Alinitazama kama anavyotazama mizani ya mtu asiyemwamini. Halafu akasema, "Haya, dada," akaanza kupanga risiti zake.

Nilikuwa na milioni tano za kuezekea sebule. Nilizihangaikia miaka, na zilikuwa zimebaki wiki tatu kuwa bati. Nikamwambia nitampa, alipe malimbikizo na kinachobaki apunguzie deni. Hakukubali bure.

"Chukua mikorosho yangu iwe rehani," akasema. "Yote sitini. Mpaka nitakapokurudishia."

Ndugu wa kweli angesema hapana, damu moja haiwekeani rehani. Mimi niliitamani mikorosho ile tangu siku ya mazishi ya baba. Nikasema, "Haya, kama ndivyo unavyotaka mwenyewe."

Oktoba ile nilikwenda Mkotokuyana kusimamia uokotaji. Korosho zilidondoka zikatapakaa chini ya miti yake hata pa kukanyaga hapakuwa, wakati kule bondeni yangu ilikuwa inadondosha moja moja kwa kinyongo. Nilipotoa gharama za salfa ya kupulizia miti, vibarua na magunia, nilibaki na milioni moja na laki nne. Msimu wa pili zikaja hivyo hivyo. Nikaongezea mshahara, nikaezeka sebule kwa bati la msauzi, jekundu, nikaukata mpapai. Nilimpigia mama nikamwambia arudi kwangu, kuna nafasi na kuna paa.

"Nitabaki huku na ntoto wangu," akasema.

Kule kwenyewe kulikuwa kumebadilika. Ili apate rejesho la kila mwezi, mdogo wangu alikuwa amepangisha vyumba viwili kwa wafanyakazi wageni, kile chenye choo ndani kikiwa cha kwanza. Yeye na mama walilala chumba kimoja, kitanda kimoja, na mama aliona hicho ni bora kuliko sebule yangu. Na lingine lililoniuma zaidi: mdogo wangu alijifunza. Kila mwisho wa mwezi alikwenda benki na jedwali lake, anafuta mstari kwa kalamu nyekundu, anamuuliza afisa mikopo maswali mpaka afisa mwenyewe anatafuta maji ya kunywa. Wanawake wa soko la ufuta wakitaka kukopa walimpelekea yeye karatasi zao. "Anzeni kufunua ukurasa wa mwisho," alikuwa anawaambia. Mwalimu wa hesabu mimi, hakuna aliyeniletea hata risiti ya luku ya umeme.

Msimu wa tatu ulipokwisha, alinikuta shambani nafunga magunia ya mwisho. Alikuwa na bahasha. Akanipa, nikahesabu mbele yake, milioni tano kamili. Sikumuuliza kazipata wapi. Kanga aliyovaa ilikuwa ile ile ya siku ya notisi, imepauka.

"Miti imerudi?" akauliza.

"Imerudi."

Akaugusa mkorosho uliokuwa karibu naye. "Kwa hiyo wewe umepata milioni tano, na za misimu mitatu milioni nne na laki mbili. Tisa na laki mbili."

"Sikuwa nimejumlisha," nikasema, na uongo ule ulikuwa mwepesi mdomoni, umeshazoea njia.

"Mimi nilijumlisha tangu msimu wa kwanza. Riba yako ni ishirini na nane kwa mia kwa mwaka, dada. Benki wananikata kumi na saba."

Nilitafuta neno la kumjibu. Nikapata moja tu, na lilikuwa bovu. "Sasa mbona hukuniambia?"

"Nilisema labda hujaona," akajibu, bila kupandisha sauti. "Kama ulivyokuwa hukuuona ule ukurasa wa mwisho."

Kisha akainama, akaokota korosho moja iliyosahauliwa na vibarua chini ya mti, akaifuta vumbi kwa pindo la kanga yake, akaifunga humo. Akaondoka kwa miguu kuelekea barabarani. Mimi nilibaki katikati ya magunia yangu, milioni tano mkononi, nikiionea wivu korosho ile moja.