Nilivyojifanya Sikusomea Kuchora

Nawaambia hii mara moja tu, na wewe Kioko weka hiyo simu chini, sitaki kurekodiwa. Mimi, Joseph Musyoka, mwenye diploma ya sanaa, mtu aliyefundisha watoto kuchora miaka saba kule Kitui, nilisimama mbele ya watu wazima wenye heshima zao mjini Riyadh nikaapa kwamba sijawahi kushika penseli ya shule. Niliapa! Na hakuna aliyeniwekea kisu shingoni.

Ilianzia kwa ajenti wa kazi za Saudia, pale Nairobi. Aliangalia vyeti vyangu, akavisukuma kando, akasema, "Mwalimu, hivi ficha. Bosi wa kule hataki dereva msomi, ataona utamletea maneno. Andika darasa la nane." Nikaandika. (Nilikuwa nimechoka, nyinyi mnajua, serikali ilikuwa inatuajiri kila mwaka kwenye redio tu.) Diploma ikaenda chini ya sanduku, chini ya koti ambalo Jeddah sikulivaa hata siku moja, na mimi nikawa dereva wa familia moja ya mtaa wa Al-Rawdah, hukohuko Jeddah.

Baba mwenye nyumba, kafili wangu aliyenidhamini viza, hakuwa na neno. Lakini madam! Madam alisomea Amerika mambo ya historia ya uchoraji, na alikuwa ameandika kitabu kizima kuhusu wachoraji wa zamani wa huko, si wale wakubwa wa kutajwa, hapana, watu wa vijijini, mafundi wa kupaka mikokoteni na mabango, waliozunguka nyumba hadi nyumba wakichora sura za watu ili wapate chakula na pa kulala. Nakala moja ilikaa kwenye kiti cha nyuma. Nikimngoja madam dukani masaa matatu, ningefanya nini? Nilikisoma chote, mara mbili, nikikirudisha palepale nilipokitoa. Na kilikuwa kizuri, siwezi kusema uongo (hapo angalau). Alieleza ni kwa nini picha yenye mikono mikubwa kuliko kichwa na nyumba iliyopinda inamgusa mtu kuliko ile iliyopimwa kwa rula. Na chini ya picha nyingi yalikuwa maneno yaleyale: mchoraji hajulikani. Hayo yalinikaa moyoni. Mtu anachora watoto wa watu wiki nzima, anakula uji wao, halafu hata jina lake hawalikumbuki.

Basi siku moja, nimengoja mpaka nimechoka, nikachukua kifuniko cha boksi la tende na kalamu za rangi za watoto, nikachora nyumba ya madam. Mkono wangu unajua kuchora nyumba ikasimama. Lakini kitabu nilikuwa nimekisoma, nilijua anapenda nini, nikaipinda makusudi. Paa linaenda huku, mlango unaenda kule, baba ni mrefu kuliko mtende, na mbuzi wa kule mbali kabisa ni mkubwa kuliko gari lililo mbele. Mwanafunzi wangu angenichorea hivyo ningemrudishia daftari limejaa wino mwekundu.

Madam akakikuta kifuniko kwenye kiti. Akakiinua kwenye mwanga. "Yusuf," (ndivyo alivyoniita) "nani alikufundisha?"

Jamani, hapo. Hapo ningesema tu! Nikasema, "Hakuna, madam. Mimi sikusoma. Inakuja tu yenyewe."

Alishika kifua. Tangu siku hiyo nikawa naletewa rangi, nikachora vifuniko kumi na sita, kila kimoja kimeharibika kuliko cha jana (kuharibu vizuri ni kazi ngumu, usicheke). Halafu akaniambia kitabu chake kipya kitakuwa na sura nzima juu yangu, kwa jina langu kamili na kijiji changu. Jina langu kitabuni! Miaka saba shuleni hata mlango wa ofisi haukuwahi kuandikwa jina langu. Nikampigia mke wangu, nikampigia mama, na mama akasimama kanisani akatangaza.

Kabla kitabu hakijatoka, madam akaalikwa kuzungumza Riyadh, kwenye kampaundi moja ya wageni, Ijumaa alasiri. Yeye na baba walienda kwa ndege, mimi nikaendesha siku nzima jangwani na vifuniko vyangu kwenye buti. Wakavitundika ukutani ndani ya fremu za dhahabu. Maboksi ya tende! Madam akaongea, akanisimamisha, na Mzungu mmoja akauliza kama ni kweli sijawahi kufundishwa. Nikaweka mkono kifuani, mimi niliyebatizwa, nikasema, "Wallahi, hata penseli ya shule sijui inashikwaje."

"Mwalimu?"

Sauti ilitoka kwa weita aliyebeba sinia ya kahawa. Mutua. Darasa la saba, dawati la dirishani, sasa mwanamume mrefu, na uso umemchangamka kwa furaha ya kweli. Hiyo ndiyo inayoniuma, hakuwa na ubaya wowote, alifurahi kuniona! Akaweka sinia chini, akaja, akatazama ukuta, akaangua kicheko. "Mwalimu, hii ni wewe umechora? Imepinda hivi? Si ungetuchapa! Ya karibu kubwa, ya mbali ndogo! Tuliimba hiyo mpaka tukaiota!"

"Sikujui," nikamwambia. "Nenda zako."

Nilidhani Kiswahili kitanificha. Lakini kiti cha mbele alikaa mama mmoja mtu mzima, mzaliwa wa Zanzibar, ambaye wazazi wake walihamia huku yeye akiwa mtoto. Akanigeukia taratibu. "Ala! Kumbe wewe ni mwalimu wa kuchora? Sasa mwanafunzi wako wamfukuzia nini?" Kisha, bila hila yoyote, akawaeleza wenzake kwa Kiarabu, na aliyeketi kando yake akawaeleza Wazungu.

Wakacheka, kile kicheko cha puani cha watu wenye adabu. Madam hakucheka. Aligeuza karatasi aliyoshika, akaigeuza tena.

Tuliporudi Jeddah nikatoa diploma, nikampelekea. Nikamwambia, "Madam, huyu ndiye mimi. Nikichora nyumba inasimama." Hakuigusa. "Wanaojua kuchora ninao wengi, Yusuf. Halas, yameisha. Kaoshe gari."

Mutua alitafuta namba yangu akaniandikia kuniomba msamaha. Yeye aniombe mimi! Nilishindwa kumjibu, na mpaka leo sijamjibu.

Mwaka uliofuata nikatumwa kuchukua maboksi ya kitabu kipya. Nikafungua moja ndani ya gari. Nyumba yangu ilikuwemo, imepinda vilevile, mbuzi wangu yuko kule mbali, rangi zimetoka vizuri ajabu. Na chini yake: Jeddah, mchoraji hajulikani. Mimi nilidanganya na yeye akadanganya, ila uongo wake ndio uliochapishwa. Jioni hiyo nikamwendesha madam, amekaa nyuma yangu na kitabu mapajani, akaniambia nipunguze baridi ya gari.

Niliapa siku ile kwamba mtu akiniuliza nimesoma mpaka wapi nitamtajia hadi chekechea. Na nimetimiza, sidanganyi mtu tena. Isipokuwa mama. Kila Jumapili wanamuuliza kanisani kile kitabu chenye jina la mwanawe kitafika lini, na mimi namwambia kiko njiani.