Siku Dalali Alipopanga Foleni

Mume wangu ana ugonjwa mmoja usio na dawa: adabu. Miaka yote aliyokaa dirishani benki akihesabia watu pesa ilimfundisha kwamba mteja ni kwanza. Hata walipomstaafisha na kumnyima pensheni, aliendelea kuwaita "waajiri wangu." Mimi nilikuwa na majina mengine ya kuwaita.

Tulishtaki, na mahakama ya Kisumu ikasema alipwe. Benki ikanyamaza. Uchungu wangu haukuwa wa unga na sukari, hata dagaa wa omena hatukukosa. Ulikuwa wa boma. Kwetu mwana hajengi kabla ya baba yake, na sisi tulikuwa tungali wapangaji mjini, shamba letu karibu na Katito likiota magugu. Kifungua mimba wetu ana mke na watoto, naye alikuwa akitungoja bila kulalamika hata mara moja. Afadhali angelalamika.

Basi wakili akatutafutia dalali wa mahakama, akamate mali ya benki mpaka ilipe. Muda wa onyo aliloipa benki ulipokwisha tukaenda naye huko, pamoja na wapagazi wake na askari. Mlangoni dalali akakunja mikono ya shati. Mume wangu akamshika bega.

"Bwana, kuna watu mbele yetu. Tupange laini."

"Mzee, mimi sikuja kuweka pesa. Nimekuja kubeba viti."

"Hata kama. Hawa akina mama wametoka soko la Kibuye, wameacha biashara zao."

Nilitamani ardhi inimeze. Lakini alikuwa ameshasimama nyuma ya mama mmoja muuza mitumba, na dalali, askari na wapagazi wakajipanga nyuma yake kama watoto wa shule. Mama yule akageuka, akaona askari, akauliza kuna nini. Mume wangu, ambaye hajui kudanganya, akamweleza yote kwa upole.

"Yawa!" mama akapaza sauti. "Mfanyikazi wao wenyewe hawamlipi? Sasa mimi wa mitumba nitalipwa na nani? Nipeeni pesa yangu yote, leo leo!"

Maneno yakashika foleni nzima. Waliokuja kuweka sasa wanataka kutoa. Meneja akatoka ofisini mbio, akaona umati, akaona dalali, akarudi mbio kwenye simu yake. Hakuna kiti kilichoguswa. Tulikuwa hatujafika dirishani wakili alipopiga simu kusema makao makuu ya benki yametuma pesa zote, pamoja na gharama za kesi.

Nikapiga kigelegele mle mle ndani. Nilipogeuka nimkumbatie mzee wangu, hayupo! Alikuwa akipita kwenye foleni akiwabembeleza akina mama: "Wekeni tu, pesa zenu ziko salama."

Nikamwacha na wateja wake, nikampigia kifungua mimba. "Baba yako anajenga," nikamwambia. Nilisikia mtu mzima, baba wa watoto, analia.