Jina la Hedley Cutforth Kwenye Kitambaa Cheupe

Ngome na magereza mliyoyaona kwenye picha za sinema za Kiingereza baada ya vita, nusu yake nilijenga mimi Ned, kwa mbao nyembamba na rangi. Msibishe, hamkuwa mmezaliwa. Shule niliiacha nikiwa na miaka kumi na miwili, lakini hata Hedley Cutforth, mtu wa vitabu, alikuja karakanani kwangu kunisomea alichoandika, amekalia ndoo ya gundi.

Hedley alikuwa fundi wa kuziba matundu ya wenzake. Hadithi ya picha ikikwama, anaitwa yeye. Anaandika siku tatu mfululizo, picha inatoka na jina la mtu mwingine. Ndivyo studio ilivyokwenda. Picha kumi na moja! Mama yake, mjane wa Grimsby, mji wa wavuvi, akachoka.

"Miaka tisa unaniambia unaandika sinema," akamwambia. "Hii ya kumi na mbili nakuja kuiona mwenyewe. Nisipoona jina lako, unarudi nyumbani kwa mjomba wako kukausha samaki."

Ya kumi na mbili ilikuwa yake yote, na jina aliahidiwa. Ilikuwa picha ndogo, ile inayoonyeshwa kabla ya picha kubwa. Mimi nilishajigamba kwa Hedley kwamba nimeshaiona kule studio, jina lake na yote. Jumamosi mchana tukaketi watatu ukumbini mwa sinema, mama katikati na kofia yake, mkononi peremende alizolimbikizia kuponi za mgao mwezi mzima. Hedley alitetemeka mpaka kiti kikalia.

"Tulia, bwana harusi," nikamtania.

Taa zikazimwa. Mara kwenye kitambaa, mwanamke anakimbia ngazini (ngazi niliyoijenga mimi!). Majina hayakuonekana. Picha kubwa siku ile ilikuwa ndefu, na wenye sinema walikuwa na mtindo wao: muda ukibana, fundi wa projekta anaikata picha ndogo mwanzoni, penye majina. Nani analilia majina?

"Lako liko wapi?" mama akauliza.

"Wamekata, Mama. Naapa, wamekata."

"Kila mara wewe tu."

Nikashindwa kuvumilia. Nikasimama gizani: "Imeandikwa na Hedley Cutforth! Kila neno!"

"Kaa chini, mlevi we!" wakanipigia kelele nyuma.

Mama akamgeukia mwanawe. "Huyu umemnunulia bia ngapi?"

Hedley alitazama mpaka mwisho, midomo ikitamka kila neno sekunde moja kabla ya waigizaji. Mama angemtazama mara moja tu angejua. Alikuwa ameinama, anakunja karatasi za peremende.

Jumatatu nikamsindikiza Hedley stesheni. Akatoa kichwa dirishani, macho mekundu.

"Ned, wewe uliiona. Jina lilikuwepo kweli?"

"Kubwa," nikasema. "Jeupe, limejaa kitambaa kizima."

Akatabasamu kidogo, treni ikamchukua kwenda kwenye samaki.

Kule studio, sisi maseremala hatukuwa tukialikwa kuona picha hata moja.