Hakimu Atapitia

Siku zile hakimu alishuka kwenye Landrova akakanyaga tope lenyewe linalogombaniwa, siku hizi shamba huenda mahakamani likiwa karatasi na kurudi likiwa mali ya mtu mwingine.

Kasiani hakuwa mtu mkubwa. Alikata mkonge upande wa Rudewa mpaka mgongo ukakataa. Mwaka 1974 tulipohamishiwa kijiji kipya, akafyatua matofali, akayachoma, akajenga vyumba viwili. Sisi wengine tulilala kwenye nyumba za miti na udongo, naye hakuchoka kutukumbusha.

Masika yaliyofuata, huku mvua ikinyesha, viongozi wa kijiji wakapima shamba la shule. Kutoka barabarani, kamba tatu ziwe za makazi, kinachobaki cha shule. Kamba ya tatu ikaishia sebuleni kwa Kasiani. Chumba cha kulala kikawa shamba la shule.

"Shemeji Siwema," nilimwambia mkewe, "mkienda kulala mnaomba ruhusa kwa mwalimu mkuu?"

"Cheka tu, shemeji. Nyumba yako wewe, mbuzi akiiegemea inahama."

Utani uliisha mahakama ya mwanzo iliposema Kasiani amevamia ardhi ya umma, na mavuno yakiisha abomoe chumba hicho. Nyumba ya vyumba viwili ukiibomoa nusu, paa lote linashuka. Siku za kukata rufaa alizimaliza kwa kununa. Ndipo akaja kwangu, kwa kuwa nilikuwa nimejisomea vijitabu vya sheria na nilikuwa na kalamu. Nikaandika barua Kilosa, kuiomba mahakama ya wilaya ifanye mapitio. Majibu yalipokuja, nikamweleza:

"Hakimu wa wilaya atapitia hukumu yako mwezi wa sita."

Mimi nilimaanisha atasoma jalada. Kasiani alisikia kwamba atapita.

Tarehe mosi Juni akafyeka njia kutoka barabarani hadi mlangoni, pana kiasi cha gari. Akavaa koti, akasimama. Siwema akamfunga jogoo mguu. Jioni akamfungua. Kesho yake hivyo hivyo. Wapita njia wakamtania, "Mzee, basi la Dumila limeshapita!" Mimi nilijua kosa ni langu, nikaona haya kumweleza.

Siku ya tisa Landrova ya mahakama ikapita kweli, ikienda Dumila kwa kesi nyingine. Kasiani akaingia katikati ya barabara, mikono juu. Hakimu, kijana wa miwani, akashuka.

"Shikamoo mzee. Kuna msiba?"

"Marahaba. Hakuna msiba. Umechelewa tu. Si uliandika utapitia?"

Hakimu alipoelewa, alicheka mpaka akavua miwani. Wa leo angeita askari. Huyu alisema jalada hilo liko mezani kwake, akaagiza mwenyekiti wa kijiji aitwe, kisha akafuata njia iliyofyekwa. Alipomwona jogoo akasimama.

"Mama, kuku huyo akipikwa, mimi naondoka."

Leo jogoo angekuwa bahasha, na hakuna ambaye angeondoka.

Mwenyekiti akaja na kamba yake, akaonyesha mpaka ulipoishia. Hakimu akamgeukia Kasiani.

"Mzee, una la kusema kuhusu upimaji?"

"Kamba ilikuwa imelowa," alisema Kasiani. "Katani ikilowa hujikunja. Wamenipimia kamba tatu fupi."

"Mbona hukusema mahakamani?"

"Niliulizwa nyumba ni ya nani. Nikajibu ni yangu. Habari za kamba sikuulizwa."

Hakimu akaamuru ipimwe tena hapo hapo, kamba ikiwa kavu, mbele ya watu wote. Mara hii ilivuka sebule, ikavuka chumba cha kulala, ikaishia hatua mbili nyuma ya ukuta. Siwema akapiga kigelegele. Majuma mawili baadaye barua ikatoka Kilosa: hukumu ya kwanza imefutwa, nyumba ibaki. Ila choo, kilichokuwa hatua sita nyuma, kiko shuleni, kihamishwe.

Kasiani hakubisha. Watu wa wakati ule ukiwaonyesha haki walikubali hata sehemu inayowaumiza. Sisi wa leo tungekata rufaa kwa ajili ya choo.

Mwezi wa nane nilipata kazi Mikumi. Siku ya kuondoka, lori lilinipitisha mbele ya nyumba ile. Kasiani alikuwa kwenye shimo jipya, udongo ukimfika kiunoni, Siwema ukingoni na karai, wakibishana.

"Mlango utazame shuleni," alisema Kasiani, "waone hatuogopi."

"Baba Yohana! Ukae humo darasa zima likuhesabu?"

Nikawapungia mkono. Siwema akanitupia bonge la udongo na kucheka, Kasiani akainua jembe, lori likakata kona. Sikuwaona tena.